Macho ya Mzee Kabika

Siku ya dawa ya usubi ilikuwa sikukuu kituoni kwetu. Watu walikuja wameoga. Wanawake walikaa getini wakichoma mahindi, watoto walipigana nyuma ya choo, na mimi nilisimama barazani na fimbo ya kupimia, nikiwaegemeza watu ukutani mmoja mmoja kama fundi nguo. Dawa ile haitolewi kwa umri, hutolewa kwa kimo. Fimbo imepakwa alama za rangi: ukifika hapa unapewa kidonge kimoja, ukifika pale viwili, na ukiwa chini ya alama ya kwanza huna chako, rudi kwa mama yako ukakue kwanza. Watoto waliokosa walilia kwelikweli, maana wenzao walirudi nyumbani wakijiona wakubwa.

Usubi huletwa na inzi mdogo mweusi wa mtoni. Anauma, mtu anajikuna miaka na miaka, na mwishowe anaweza kupofuka. Nilikuwa naujua tangu nyumbani, kwa sababu hata kwenye vijito vinavyoteremka Muheza inzi huyo yupo. Lakini kituo ninachokisema hakikuwa Usambara. Kilikuwa milimani, ng'ambo ya Ziwa Tanganyika, upande wa Kongo. Mimi ni Msambaa wa juu ya Bumbuli, nesi, na kanisa la kule lilikuwa limeomba muuguzi anayejua Kiswahili na asiyeogopa baridi wala vilima. Nilikwenda nikidhani nitakaa kidogo, nikazoea. Ukungu wa asubuhi ulikuwa uleule wa kwetu, migomba ileile, maharage yaleyale kwenye miteremko ambayo hata mbuzi huifikiria mara mbili. Wenyeji waliniita Mama Tanzania, na walinicheka kwa kumwamkia shikamoo kila mwenye mvi.

Vita vilikuwepo, lakini vilikuwa vya mahali pengine. Ndivyo tulivyosema. Vilikuwa vya kule bondeni, vya mkoa wa pili, vya redioni.

Katika foleni ya siku ile alikuja Mzee Kabika na mjukuu wake Faida. Mzee alikuwa kipofu kwa usubi huohuo, tangu kabla dawa haijafika milimani. Walitembea na fimbo ndefu ya mti mgumu: mtoto ameshika ncha ya mbele, mzee ya nyuma. Mtoto hakuwa akimvuta. Penye jiwe aliinua ncha yake kidogo, penye shimo aliishusha, na mzee alielewa huko nyuma kwa kiganja tu. Walipita kati ya watu wengi hivyo, bila kugusana na mtu. Nimeona magari ya hospitali yanayoendeshwa vibaya kuliko hivyo.

"Yambo, mama," mzee alisema akinielekea sawasawa, kwa sababu alikuwa amenisikia nikikohoa. "Dawa yenu ilichelewa kwangu. Lakini haya macho yangu bado mapya. Yapime."

Akamsogeza Faida mbele. Wazazi wa mtoto huyu walikuwa wamekufa, na waliishi wawili tu, nyumba ya juu kabisa karibu na chemchemi. Alikuwa na miaka kama minane, mfupi kwa umri wake. Nilimwambia aachie fimbo ili asimame wima, akatikisa kichwa. Basi nilimpima akiwa nayo mkononi, na babu yake nyuma yake, ncha ya pili mkononi, anacheka. Nilimpa vidonge vyake, akameza bila maji ili nione alivyo hodari.

Huo ndio ulikuwa mkutano wetu wote kabla ya vita kufika. Najitahidi kuukumbuka vizuri kwa sababu hiyo.

Asubuhi moja ya soko, siku chache baadaye, askari waliokuwa wakilinda mlima walipita barabarani wakiteremka kuelekea ziwani. Hawakuimba. Mmoja alikuwa amebeba godoro kichwani, mwingine alikuwa amevaa kandambili za kike. Muuza chumvi akawauliza kuna nini, hawakumjibu. Askari anayekimbia na godoro ameshakujibu.

Soko likavunjika bila kelele. Nilishangaa jinsi watu wengi hivyo wanavyoweza kufunga vitu vyao kimyakimya.

Mkuu wa kituo chetu aliitwa Pascal, mtu mfupi, msafi, mkali kwa vyombo na mpole kwa wagonjwa. Alikuwa amekwisha pitia vita viwili na alijua mambo yanavyokwenda. Lori lilikuwa moja, la kanisa, na dereva wake Deo. Pascal alitangaza pale pale uwanja wa mpira, mbele ya kituo: watoto na wajawazito na wanaonyonyesha, gari la kwanza. Wazee na wagonjwa, gari la pili, Deo akirudi. Wenye miguu yao wapite njia ya msituni.

Ulikuwa utaratibu mzuri, hata leo nasema hivyo. Bila huo wenye nguvu wangepanda wote kwanza, nami nilishawahi kusikia habari za magari yaliyofika ziwani yamejaa vijana tu na masanduku.

Lakini mara kila mwenye mwana akaapa kwamba mwanawe ni mtoto. Mvulana mwenye ndevu zinazochipua aliletwa akiitwa wa miaka kumi. Watu wakaanza kusukumana.

Pascal akaingia kituoni, akatoka na ile fimbo yangu ya usubi.

Aliisimamisha nyuma ya lori. "Alama ya kijani," akasema. "Aliye chini yake ni mtoto, anapanda. Aliye juu yake anasubiri." Watu wakatulia. Fimbo haikuwa na shemeji wala mjomba pale uwanjani, na wote waliijua, walikuwa wamepimwa nayo juzi tu. Nadhani ni watu wa afya peke yao wangeweza kuwaza jambo kama lile, na wakati ule niliona ni akili kubwa.

Mimi nilikuwa juu ya lori nikipokea. Nilipangwa niende na watoto.

Mlio wa kwanza wa bunduki ulisikika upande wa chemchemi.

Watoto walipandishwa haraka zaidi. Nilipokea mikono, nikakalisha, nikapokea mingine. Sikuwa naangalia nyuso.

Kisha ikaja mikononi mwangu fimbo.

Alikuwa Faida. Pascal alikuwa amemshika kwapani akamwinua, naye hakuachia ncha yake. Fimbo ilipopanda, ncha ya nyuma ikachomoka kiganjani mwa mzee.

"Mimi njo macho yake," Faida aliniambia, njo ya kwao ikiwa ndiyo yetu. Alisema kwa sauti ya kawaida, kama mtoto anayemsahihisha mwalimu. Halafu akasema tena kwa kelele.

Watoto wote walikuwa wakipiga kelele, kila mmoja na lake.

"Pascal, na huyu mzee?" niliuliza.

"Wazee gari la pili. Mama Tanzania, tukianza kupindisha hatutamaliza." Akamgeukia Mzee Kabika, akamshika bega, akasema kwa heshima kabisa, "Mzee, simama hapahapa. Usisogee, usije ukapotea katika watu hawa. Gari linarudi kukuchukua, utamkuta mjukuu wako chini."

"Sawa, mwanangu," mzee alisema. "Nitasubiri."

Deo akaondoa gari.

Niliangalia nyuma mara moja. Mzee alikuwa amesimama wima, mkono mmoja mbele yake kiunoni, vidole vimejikunja kama bado ameshika.

Njiani tulilala juu ya watoto. Kwenye kona moja watu tusiowaona walitupiga risasi, au walipiga hewani, sijui. Turubai lilitoboka. Hakuna aliyeguswa.

Tulivuka daraja. Upande wa pili Deo akapunguza mwendo na tukasikia nyuma yetu sauti za watu wengi darajani, wakiimba.

Tulifika ziwani. Deo alishusha watoto, akageuza gari palepale bila kunywa maji, akarudi. Baada ya muda tukaliona lori likija tena, tupu. Daraja lilikuwa limeshikwa na wale waliokuwa wakiimba. Alikuwa amesimamishwa, akashushwa, akapigwa, akaambiwa ashukuru. Alikaa kwenye ngazi ya gari akiwa na damu sikioni, akasema, "Sikufika, mama." Alisema hivyo tu, mara nyingi.

Faida alikuwa amekaa mchangani na fimbo magotini, akiitazama barabara. Boti ya mizigo ilipopakia watu kuvuka kuja upande wetu, ilibidi nimbebe. Hakulia. Aliniuma mkono, na kovu dogo ninalo.

Nikifika hapa katika kusimulia, watu huniangalia kwa huruma wakingoja nijilaumu, ili habari iwe tamu. Sijilaumu. Wala simlaumu Pascal, na nitakasirika mtu mwingine akimlaumu. Tuliwapandisha watoto wengi kwenye lori lile na wote walifika wazima. Lakini nimekuwa nikiufikiria utaratibu ule kwa miaka yote hii, kwa sababu ni kazi yangu kuufikiria. Ulimtazama kila mtu peke yake: huyu mdogo, huyu mzee, huyu mgonjwa. Na katika mlima ule hakuna mnyonge aliyekuwa akiishi peke yake. Kama angekuwa anaishi peke yake, angekuwa alishakufa zamani. Kila mmoja alikuwa hai kwa sababu ya mtu fulani, na sisi tulikuja na fimbo yetu tukawatenganisha kwa kimo. Tuliyaokoa macho ya Mzee Kabika, mwenyewe tukamwacha uwanjani.

Kambini Kigoma nilitafuta. Niliuliza kila aliyeingia kutoka milima ile. Mwishowe nilimpata Mama Riziki, yule muuza chumvi, naye alikuwa amepita njia ya msituni baada ya wote. Alinisimulia akimenya viazi, bila kuniangalia.

Milio ilipofika uwanjani, alisema, Pascal aliwaambia waliobaki wakimbilie migombani. Wazee waliokuwa na watu wao walibebwa. Pascal alimshika Mzee Kabika mkono, akamwambia twende. Mzee akakataa.

"Alisema nini?" niliuliza.

"Alisema, niliambiwa nisimame hapa. Nikiondoka hapa, macho yangu yatanikuta wapi?"

Pascal alimsihi. Alimvuta. Mzee alikuwa na nguvu kuliko alivyoonekana. Kisha Mama Riziki akaona Pascal akiacha kuvuta, akisimama pembeni ya mzee, akaushika ule mkono uliokuwa umenyooshwa mbele. Walikuwa bado wamesimama hivyo, wawili, alipoingia migombani. Hakuna aliyewaona tena, si mzee wala Pascal.

Ndugu wa Faida hawakupatikana. Baada ya zamu nyingi za kusubiri kwenye mabenchi, watu wa ustawi wa jamii wakanikubalia nimlee. Nikamleta nyumbani.

Kuanzia Mombo basi linapoanza kupanda kona za Lushoto, alitapika mpaka tukafika Soni. Kisha dirishani ukaingia ukungu, na harufu ya miti baada ya mvua, akainua kichwa kwa mara ya kwanza. "Tumerudi?" aliuliza. Nilitamani kusema ndiyo. Niliangalia upande wa pili mpaka tukashuka.

Mama yangu alikuwa hai bado, mwanamke mwembamba mwenye sauti ya kuitia watu kutoka mlima wa pili. Nilimweleza mambo yote kwa Kishambaa usiku wa kwanza, mtoto akiwa amelala. Hakusema neno. Majirani ndio walikuwa na maneno. Faida hakuwa akiamkia. Kwao haikuwepo shikamoo, na huku kwetu mtoto asiyeamkia wakubwa huonekana amelelewa na nyani. Tena alikuwa na tabia moja iliyowashangaza: kila alipotoka, hata kwenda kuchota maji, aliichukua ile fimbo, akashika ncha ya mbele, na kutembea polepole, mkono umerudi nyuma, ncha ya pili ikiburuta chini. Penye jiwe aliiinua. Penye shimo aliishusha.

"Huyo mtoto wenu ana kichaa?" jirani mmoja alimuuliza mama yangu, ambaye alikuwa akipepeta mahindi.

Mama akaweka ungo chini. Akajifunga kitenge vizuri, akamfuata Faida njiani, akainama, akaiokota ile ncha iliyokuwa ikiburuta. Mtoto akasimama. Hakugeuka. Nilikuwa mlangoni na niliona mgongo wake ukikakamaa. Kisha akaanza kutembea tena, na mama yangu, mwenye macho mazima kabisa ya kuona sindano kwenye nyasi, akamfuata mpaka mtoni akiongozwa.

Walifanya hivyo kwa muda mrefu sana. Kanisani Jumapili walikwenda hivyo, katikati ya watu, na mama yangu alimwangalia kila mtu usoni kuona nani atathubutu kucheka. Hata Faida alipojifunza Kishambaa na akaanza kuamkia mpaka mbuzi, bado walikwenda hivyo siku ambazo alihitaji. Miaka michache kabla ya kufa mama alipata mtoto wa jicho na akawa haoni vizuri kweli. Wakati huo Faida alikuwa sekondari. Wala haikubidi wajifunze kitu.

Sikumwambia Faida alivyosema Mama Riziki mpaka alipokuwa mtu mzima, mchumba wake ameshakuja kujitambulisha. Tulikuwa tukivuna maharage. Alinisikiliza akiendelea kuvuna. Mwisho aliniuliza jambo moja tu: kama Pascal aliushika mkono wa babu yake kwa nguvu au kwa kugusa tu. Nikamwambia sijui, Mama Riziki hakusema. Akasema angependa kujua hilo. Tukamaliza tuta.

Leo yeye ndiye mhudumu wa afya wa kijiji chetu. Ana watoto wawili. Mimi nimestaafu, ila wananiita kwenye vikao, na nisipoitwa ninakwenda.

Masika yaliyopita mvua ilinyesha bila kupumzika mpaka ardhi ikapasuka juu ya kitongoji cha upande wa pili. Ufa ulikuwa mrefu, na mpana hata mguu wangu uliingia. Akaja afisa wa afya, kijana wa Tanga mjini, mwenye adabu, aliyeniamkia vizuri na kuniuliza maoni. Gari lilikuwa moja. Utaratibu wake niliujua kabla hajafungua mdomo. Wazee wapande kwanza, wapelekwe ukumbi wa kanisa kule chini. Watoto na mama zao wapelekwe shuleni. Watu wazima wenye nguvu wateremke kwa miguu na mizigo. Nikakaa kwenye gogo.

Nyumba ya kwanza chini ya ufa ilikuwa ya Mama Hiza, kikongwe asiyeweza kutembea, na mwanawe Hiza. Hiza ni mwanamume mzima, mabega kama mlango, mwenye kifafa. Vijana waliomfuata afisa walikuwa wamekwisha mwinua bibi kumpeleka garini, na Hiza ameambiwa abebe magunia ateremke na wanaume.

Faida aliwasimamisha. Alimchutamia yule bibi miguuni hapo matopeni.

"Bibi, shikamoo. Kila siku unaishi kwa mkono wa nani?"

"Wa Hiza," bibi alisema, kana kwamba ameulizwa jua linachomoza wapi. "Ananibeba. Hata chooni ananibeba."

"Na Hiza anaishi kwa mkono wa nani?"

Bibi akamwangalia mwanawe. "Ugonjwa wake ukitaka kuja anaanza kujisugua sikio. Mwenyewe hajui. Mimi namwambia kaa chini, naye anakaa."

"Basi wanapanda wote wawili," Faida akasema.

"Dada, nafasi hii ni ya wazee," afisa alisema. Hakusema kwa ubaya. Mvua ilikuwa ikimtiririka usoni na alikuwa akitazama mlima. "Huyu ni mtu mzima ana miguu yake. Nikimpandisha yeye, kuna mzee wa nyumba ya tatu anabaki."

"Najua."

"Tukianza kupindisha hapa, hatutamaliza."

Nilimtazama Faida. Alikuwa na miaka minane siku maneno yale yaliposemwa, na sidhani aliyasikia, kwa kelele zile. Mimi niliyasikia. 

"Hatupindishi kitu," Faida alimwambia. "Hawa si wawili. Ukimpeleka bibi peke yake, kule ukumbini hana wa kumbeba. Ukimwacha huyu ateremke na gunia kwenye matope, hana wa kumwambia kaa chini. Utakuwa umewapoteza wote na gari lako limejaa."

 Afisa akauangalia ufa, akaangalia mabega ya Hiza, akapumua. "Panda, kaka," akasema. Na mzee wa nyumba ya tatu, kwa vile swali lilikuwa limeshaulizwa, tulikuta anaishi kwa mkono wa binti yake aliye imara, na binti akambeba mwenyewe kwa njia fupi. Tangu nyumba hiyo afisa mwenyewe ndiye alikuwa akiuliza, akichutama vilevile. Kazi ilikwenda polepole kuliko alivyopanga. Kulipokucha kipande cha mlima kilikuwa kimeteremka na kuchukua mahindi, zizi moja na jiko la Mama Hiza. Watu wote walikuwa chini.

Wakati wa kugawa uji ukumbini, Mama Hiza aliita kutoka pembeni kwa sauti nyembamba, "Kaa chini, mwanangu." Hiza akakaa chini na bakuli lake. Kifafa kikaja, kikapita, akafutwa mdomo.

Nitasema ukweli, sikufurahi kama nilivyotarajia. Nilidhani siku kama hiyo ikija kitu fulani ndani yangu kitalipwa. Hakikulipwa. Mama Hiza na mwanawe ni watu wawili, Mzee Kabika na Pascal ni watu wengine wawili, na hawa hawawi badala ya wale. Tumejifunza kuuliza swali. Mzee mmoja alisimama uwanjani ili sisi tujifunze, na yeye hakuombwa ruhusa.

Faida alipitia kwangu jioni hiyo, matope mpaka magotini. Nilimwekea chai. Hakuinywa. Fimbo ilikuwa mahali pake pa siku zote, nyuma ya mlango. Wanawe huichezea wakija, mmoja mbele, mmoja nyuma. Aliichukua, akaisimamisha, akaigeuza.

Miaka yote niliyomjua, hakuwahi kushika ncha ya nyuma. Sasa aliishika, pale palipolainika kwa viganja vya wazee wawili. Akafumba macho. Akasimama hapo katikati ya sebule, mkono umenyooka kiunoni, akisubiri.

Nikainuka, magoti yakilalamika, nikashika ya mbele.